Reli Haikufika Ujiji

Treni ya Reli ya Kati ikishaipita Uvinza, Kazuramimba na Kandaga, huteremkia bonde la mto Luiche, ikaiacha Ujiji mkono wa kushoto na kwenda kukoma Kigoma, kilomita 1,252 kutoka Dar es Salaam. Abiria aliyekaa behewani mchana kutwa na usiku kucha, na pengine zaidi, huwa ameshaanza kushusha mizigo. Si wengi wanaojiuliza kwa nini reli iliyojengwa kufuata njia ya misafara iliukwepa mji ule ule ambao misafara ilikuwa ikiuendea. Kwa sehemu kubwa ya karne ya 19, mtu aliyetoka pwani akasema anakwenda ziwani alikuwa anakwenda Ujiji. Kigoma ilikuwa ghuba tu, yenye vijiji vya wavuvi na wakulima.

Leo miji hiyo miwili ni manispaa moja, Kigoma Ujiji, iliyohesabiwa watu zaidi ya 230,000 katika sensa ya 2022, na kutoka Ujiji hadi stesheni ya Kigoma hakufiki kilomita kumi. Kati yake ziko kata kama Mwanga na Katubuka, ambako mtu husimama kando ya barabara akapanda bajaji ya kwenda upande autakao. Kikundi kidogo cha wageni, watu wanne au sita pamoja na mwenyeji anayeijua mitaa, kinaweza kuzunguka kote kwa siku moja: Ujiji asubuhi, stesheni mchana, ziwani jua linapoelekea milima ya Kongo. Ni mpangilio mzuri, kwa kuwa ndivyo historia yenyewe ilivyofuatana. Kasoro yake ni usimulizi. Ujiji hugeuzwa kisa cha Wazungu wawili waliopeana mikono, Kigoma ikawa jengo la kupendeza la Wajerumani, na kilichouondoa uhai mji mmoja na kuupeleka mwingine hakitajwi.

Kueleza hilo hakuna budi kuanzia sokoni Ujiji, miaka mingi kabla ya taluma la kwanza kulazwa.

Richard Burton na John Speke walipoingia Ujiji mwezi Februari 1858, walikuwa njiani tangu Juni ya mwaka uliotangulia. Hawakugundua chochote ambacho watu wa pwani ya Mrima hawakukijua: wafanyabiashara Waarabu na Waswahili walikuwa wakifika hapo kwa karibu miaka ishirini, na Wajiji wenyewe, jamaa za Waha wa nyanda za juu, walikuwa wakiuza na kununua ng'ambo zote za ziwa kabla ya hapo. Soko lilikuwa karibu na maji. Wavinza walileta chumvi waliyoichemsha kwenye chemchemi za Uvinza. Kutoka milimani walishuka Waha na mbuzi na nafaka. Mitumbwi ilileta mawese, samaki na watu kutoka Burundi, Ubwari na Uvira. Mitumbwi mikubwa ilichongwa kwa magogo kutoka Ugoma, upande wa magharibi wa ziwa, kisha watu wa pwani wakaifunga matanga.

Sarafu ya soko hilo ilikuwa shanga. Edward Hore, baharia Mwingereza aliyefika Ujiji mwaka 1878 na misheni ya London Missionary Society, aliandika kwa kirefu juu ya sofi, shanga zilizofanana na vipande vya kiko kilichovunjika, ambazo mtu alibadilishia bidhaa zake asubuhi ili aweze kununua samaki au chumvi, na zilizobaki akazibadilisha tena kabla ya kurudi kwao. Mji wenye wabadilishaji fedha wake, wenye kiwango kinachopanda na kushuka kwa siku, si kituo cha mapumziko cha msafara. Ni mji wa biashara kwa maana kamili, na ndivyo unavyostahili kusimuliwa.

Stahili hiyo ina upande wa pili, wenye kuumiza. Kuanzia miaka ya 1860 pembe za ndovu na watumwa wa Manyema, ng'ambo ya ziwa, ndivyo vilivyoujaza mji utajiri. Watu walitekwa katika vijiji vya Kongo ya mashariki, wakavushwa ziwa kwa mitumbwi, wakauzwa Ujiji au wakapelekwa Tabora na pwani. Wengi walibaki. Wajukuu na vitukuu vyao, pamoja na Wamanyema waliokuja kwa hiari yao kufanya kazi na biashara, ndio walioufanya Ujiji kuwa mji wa Waswahili wa bara, wenye misikiti, kanzu na Kiswahili chake chenye lafudhi ya ziwani. Kutoka hapo Wamanyema walienea kuifuata njia hiyo hiyo kurudi mashariki, hadi Dar es Salaam, ambako Msikiti wa Manyema bado una jina lao. Mgeni aliyeambiwa habari za watumwa bila kuambiwa kwamba watoto wa watumwa hao ndio wenye mji amesimuliwa nusu.

Wakubwa wa Ujiji wanajulikana kwa majina. Mwinyi Kheri, mtu wa Mrima aliyekaa ziwani miaka mingi na kuoa huko, alikuwa na mkono katika biashara yote ya kaskazini hadi Uvira, na mwanzoni mwa miaka ya 1880 Sultani Barghash wa Unguja akamtambua kuwa mwakilishi wake. Baada yake alitamba Muhammad bin Khalfan, anayefahamika zaidi kwa jina la Rumaliza, mshirika wa Tippu Tip. Hata hivyo nguvu zao hazikuwa kamili: machifu wa Waha walitaka hongo yao, na njia ya kwenda Tabora ilipita kwenye nchi za watu wenye silaha. Mirambo wa Urambo alipopigana na Waarabu wa Tabora mwaka 1871, barabara kuu ilifungwa kabisa.

Hapo ndipo kisa cha kupeana mikono kinapoingia, na kwa kweli ni kisa kizuri kikisimuliwa chote. David Livingstone alikuwa ameifikia Ujiji mara ya kwanza tarehe 14 Machi 1869, mgonjwa, akakuta mali aliyoagiza kutoka Unguja imeibwa kwa sehemu kubwa. Akavuka kwenda Manyema. Nyangwe, tarehe 15 Julai 1871, aliona kwa macho yake wafanyabiashara wakiwafyatulia risasi wanawake na watu wengine waliokuja sokoni, mamia wakafa kwa risasi na kwa kuzama mtoni. Alirudi Ujiji mwezi Oktoba amevunjika moyo, akakuta mzigo mwingine aliotumiwa umeuzwa na mtu aliyekabidhiwa kuutunza. Kwa hiyo mwandishi wa habari wa gazeti la New York, Henry Morton Stanley, aliyeondoka Bagamoyo mwezi Machi na kulazimika kuzunguka vita vya Mirambo upande wa kusini, alipotokeza na bendera ya Marekani na milio ya bunduki, mzee alikuwa hana kitu. Stanley aliandika kwamba ilikuwa tarehe 10 Novemba 1871. Hesabu ya siku ya Livingstone ilikuwa imepotea, na shajara yake inaelekea mwishoni mwa Oktoba.

Aliyemlaki Stanley wa kwanza hakuwa Livingstone. Alikuwa Susi, mtumishi wake, aliyekuja mbio katikati ya umati, kisha Chuma. Hao wawili ndio waliouongoza msafara uliobeba maiti ya Livingstone kutoka nchi ambayo leo ni Zambia hadi Bagamoyo, baada ya kufa kwake mwaka 1873. Mtembezaji mwenye haki na kazi yake hawezi kuwaacha nje ya picha.

Mahali penyewe pana kumbukumbu ya jiwe yenye ramani ya Afrika iliyochorwa msalaba, makumbusho yenye sanamu za Livingstone na Stanley zikisalimiana, na miembe inayosemwa kuwa ilitokana na mwembe wa zamani uliokauka. Jambo moja humshangaza karibu kila mgeni: ziwa liko mbali. Inabidi kutembea ili kuufikia ufuko ambao, kwa maandishi ya wakati ule, ulikuwa karibu kabisa na nyumba.

Jibu liko ng'ambo. Ziwa Tanganyika, lenye urefu wa takriban kilomita 670 na kina cha mita 1,470, lina mlango mmoja tu wa kutokea, mto Lukuga upande wa Kongo. Livingstone na Stanley walikwenda pamoja kaskazini mwezi Novemba 1871 kutazama mto Rusizi, wakakuta unaingia ziwani badala ya kutoka. Verney Lovett Cameron aliuona Lukuga mwaka 1874 na kusema ndio mlango. Stanley alipourudia mwaka 1876 aliukuta umeziba kwa matope na matete, na maji ya ziwa yakiendelea kupanda. Miaka michache baadaye kizuizi kilivunjika, na Hore mwaka 1879 aliushuhudia mto ukitoka kwa nguvu. Kufikia katikati ya miaka ya 1890 ziwa lilikuwa limeshuka takriban mita kumi.

Ufuko wa Ujiji ni mteremko mpole wa mchanga na tope. Maji yakishuka mita kumi kwenye ufuko wa namna hiyo, pwani hurudi nyuma mbali sana. Mitumbwi na majahazi ya tanga yaliweza kuvutwa mchangani, lakini mji ulianza kubaki peke yake, bandari ikiuhama. Na hata kabla ya hapo, Ujiji haikuwa na kinga ya upepo: dhoruba ya ziwani iliupiga ufuko wake moja kwa moja. Kigoma ni kinyume. Rasi ya Bangwe inaikinga ghuba upande wa kusini, vilima vinaizunguka, na maji ni ya kina karibu na nchi kavu. Mwenye mtumbwi hakuwa na haja kubwa ya kina hicho. Mwenye meli ya chuma alikuwa nayo.

Wajerumani walipofika kutawala walianza Ujiji, kama kila mtu. Kapteni Hans Ramsay alijenga kituo cha kijeshi hapo mwaka 1896, na wilaya ikaitwa kwa jina la mji. Ila meli yao ya kwanza ya mvuke ziwani, Hedwig von Wissmann, iliwaonyesha taabu ya kuwa mbali na bahari. Ililetwa vipande vipande kwa njia ya Zambezi, Shire na Ziwa Nyasa, ikabebwa na wapagazi nchi kavu, na haikuelea Tanganyika hadi mwaka 1900. Kwa njia ya Tabora hali ilikuwa hiyo hiyo: mpagazi Mnyamwezi alibeba kama frasila mbili, zaidi ya kilo thelathini, kwa miezi mitatu au zaidi kutoka Bagamoyo. Kila kitasa cha mlango, kila robota la nguo, kila risasi ilipimwa kwa mabega ya mtu.

Wapagazi hao hawana jiwe lolote Ujiji, nalo ni pengo kubwa kuliko yote katika ziara hiyo. Lilipowekwa pendekezo kwenye orodha ya awali ya UNESCO mwaka 2006, kwamba Bagamoyo, Mamboya, Mpwapwa, Kilimatinde, Kwihara na Ujiji ziwe urithi mmoja wa njia ya watumwa na pembe, wazo lilikuwa sahihi: kilicho cha thamani ni njia nzima, na walioitembea. Njia hiyo ipo hata leo. Wenyeji huwaonyesha wageni miembe mikongwe kando ya barabara, ile iliyoota kwa mbegu za misafara.

Ujenzi wa Reli ya Kati ulianza Dar es Salaam mwaka 1905, mwaka ule ule wa Maji Maji. Kampuni ya Philipp Holzmann iliijenga kwa fedha zilizokusanywa na mabenki ya Ujerumani chini ya uongozi wa Deutsche Bank na kudhaminiwa na serikali yao. Morogoro ilifikiwa mwaka 1907, Dodoma 1910, Tabora 1912. Wasimamizi wengi walikuwa Wagiriki na Waitaliano. Mikono iliyochimba, kutifua na kulaza mataluma ilikuwa ya Waafrika, Wanyamwezi wakiwa wengi mno, watu ambao baba zao walikuwa wakiibeba mizigo ile ile kwenye njia ile ile. Kutoka Tabora kazi ilikwenda haraka. Misitu ya miombo ni tambarare, kisha yakaja mabwawa na daraja la Malagarasi, kisha chumvi ya Uvinza, kisha mteremko. Tarehe 1 Februari 1914 reli ilifika ziwani, na ilifika Kigoma.

Hakuna aliyewauliza watu wa Ujiji. Ofisi ya wilaya ikahamia kwenye ghuba, maduka ya Wahindi yakaifuata, na mji uliokuwa kitovu cha ziwa kwa vizazi viwili ukawa jirani wa stesheni. Ujiji haikufa, iliendelea kuwa na watu wengi kuliko Kigoma, na soko lake na misikiti yake vikaendelea kuwa vya wenyeji zaidi. Lakini tangu siku hiyo, mgeni akisema Kigoma huambiwa ni mwisho wa reli, na mgeni akisema Ujiji huulizwa amekwenda kumwona Livingstone.

Jengo la stesheni linafaa kutazamwa polepole. Ni refu, la ghorofa, lenye matao, limejengwa kwa ukubwa usiolingana na mji mdogo wa mwaka 1914. Waliolijenga walikuwa na ndoto ya biashara ya Kongo nzima kupita hapo: shaba, pembe, mawese. Juu ya kilima iko nyumba ambayo masimulizi ya mjini yanasema ilijengwa kwa ajili ya Kaiser na kwamba kuna handaki linaloiunganisha na stesheni. Kaiser hakuja. Sherehe kubwa ya kumalizika kwa reli ilipangwa kufanyika Dar es Salaam kwa maonyesho ya Agosti 1914, na Agosti hiyo ndiyo vita ilipoanza.

Kwa hiyo mzigo wa maana wa kwanza wa reli hiyo uliishia vitani, na ndio unaoifanya stesheni ya Kigoma kuwa na hadithi ambayo stesheni nyingi duniani hazina. Kiwanda cha Meyer huko Papenburg kilikuwa kimeunda meli yenye urefu wa takriban mita 71, kikaifungua tena yote na kuipanga katika masanduku 5,000. Masanduku yalikuja kwa bahari hadi Dar es Salaam, kisha kwa treni hadi Kigoma. Mafundi watatu wa kiwanda hicho, pamoja na mafundi wa Kihindi na vibarua wa Kiafrika, waliiunganisha upya kando ya ghuba, ribiti kwa ribiti, na tarehe 5 Februari 1915 meli Graf von Götzen ikashushwa majini. Ilipewa jina la gavana aliyetawala wakati wa Maji Maji. Baadaye ikafungwa mzinga uliotolewa kwenye manowari Königsberg iliyozamishwa Rufiji. Mzinga nao ulikuja kwa reli.

Upande wa Kongo, Wabelgiji walikuwa wamekamilisha reli yao kutoka Kabalo hadi ziwani mwaka 1915, hivi kwamba reli mbili zilizotoka pande tofauti zikatazamana, ziwa likiwa katikati. Waingereza wakatumia reli hizo za magharibi, pamoja na matrekta ya mvuke yaliyokokota kupitia msituni, kuleta boti mbili ndogo kutoka Cape Town, Mimi na Toutou, chini ya Geoffrey Spicer-Simson. Mwezi Desemba 1915 waliiteka boti ya Kijerumani Kingani, na Februari 1916 wakaizamisha Hedwig von Wissmann. Kutoka mkasa huo C. S. Forester alipata wazo la riwaya ya mwaka 1935 ambayo Hollywood iliigeuza filamu mwaka 1951. Katika riwaya na filamu Waafrika wa ziwani karibu hawaonekani. Kwenye gati la Kigoma mwaka 1915 ndio waliokuwa wengi.

Götzen haikushindwa vitani. Wabelgiji walipokaribia kwa nchi kavu, na ndege zao zikidondosha mabomu Kigoma, Kapteni Gustav Zimmer aliamuru izamishwe karibu na mdomo wa Malagarasi, usiku wa tarehe 26 Julai 1916. Mafundi waliipaka mitambo grisi nzito kabla ya kuizamisha, kama watu waliotarajia kurudi. Jeshi la Wajerumani lilirudi nyuma kuifuata reli, likibomoa madaraja, na mwezi Septemba Tabora ikaanguka kwa Jenerali Tombeur wa Ubelgiji.

Wabelgiji walikaa Kigoma hadi mwaka 1921. Walipoikabidhi kwa Waingereza walibakiza kitu: eneo la bandari Kigoma na jingine Dar es Salaam, walilokodishwa milele kwa faranga moja kwa mwaka, ili mizigo ya Kongo ipite bila kusumbuliwa. Mwalimu Nyerere, Tanganyika ikikaribia uhuru mwaka 1961, alitamka wazi bungeni kwamba nchi huru haiwezi kufungwa na mkataba wa milele ambao wakoloni wawili waliandikiana. Ni moja ya mambo yaliyomfanya aweke msimamo juu ya mikataba ya kurithi ambao wanasheria wa nchi nyingine huujadili hadi leo, na kilichouchochea ni gati la Kigoma na mwenzake wa pwani.

Meli nayo iliinuliwa na Wabelgiji, ikazama tena kwa dhoruba bandarini, ikainuliwa na Waingereza mwaka 1924. Grisi ilikuwa imefanya kazi yake: mitambo ilikuwa mizima. Tarehe 16 Mei 1927 ikaanza safari kwa jina la Liemba. Kwa karibu miaka tisini iliunganisha treni ya Kigoma na vijiji vya mwambao hadi Mpulungu, Zambia, mara nyingi ikisimama katikati ya maji huku mitumbwi ikiikimbilia na magunia ya dagaa, mahindi, wagonjwa na maharusi. Mwezi Mei 2015 iliwabeba maelfu ya wakimbizi wa Burundi kutoka kijiji cha Kagunga hadi Kigoma. Baadaye ilisimama kwa uchakavu, na mwishoni mwa 2023 serikali ilitia saini mkataba wa kuikarabati. Katika ziwa lote hakuna chombo kinachostahili kutunzwa kuliko hicho.

Barabara inayopanda kutoka stesheni kwenda Mwanga inaitwa Lumumba, jina la haki kwa mji unaotazamana na Kongo, na mwaka 1965 Che Guevara aliingia na kutoka Kongo kupitia Kigoma hiyo hiyo, kwa boti za usiku. Ukipanda barabara hiyo hadi juu na kuelekea Ujiji, historia inaanza kujirudia kwa nyuma: kutoka treni kwenda mtumbwi, kutoka mtumbwi kwenda mabega ya mtu. Na ziwa lililoikimbia Ujiji limeonyesha kwamba halijamaliza. Lilipanda sana baada ya mvua za mwanzoni mwa miaka ya 1960, na limepanda tena katika miaka hii ya 2020, likameza fukwe na mialo kutoka Bujumbura hadi Kigoma. Katubuka, isiyo hata mwambaoni, ina bwawa lake ambalo mvua zikizidi huvamia nyumba za watu. Anayepanga gati, reli au hoteli kwenye mwambao huu bila kusoma habari ya Lukuga anajenga kwa kubahatisha.

Kuna kinachokosekana katika ziara hii ya siku moja, nacho ni treni yenyewe. Stesheni hutazamwa, hupigwa picha, lakini mgeni wa siku moja hapandi, kwa sababu treni ya abiria haiji kila siku na ikiondoka inaelekea Tabora na Dar es Salaam. Hali hii inaweza kurekebishwa kwa gharama ndogo. Uvinza iko kilomita zaidi ya mia moja kwa reli, na ina historia ndefu kuliko Ujiji na Kigoma zikiunganishwa: wachimbaji wa mambo ya kale mwaka 1967 walipata dalili kwamba chumvi ilichemshwa kwenye chemchemi zake tangu karne ya tano au ya sita, na chumvi hutoka huko hadi leo. Behewa moja au mawili ya zamani yakifungwa nyuma ya kichwa cha treni mara chache kwa mwezi, asubuhi kwenda na jioni kurudi, abiria angepita Luiche, Kandaga na Kazuramimba, akanunua karanga na ndizi dirishani, akaiona njia ya Wavinza na chumvi yao kwa mwendo ule ule wa reli ya upana wa mita moja iliyolazwa mwaka 1913.

Haraka ya jambo hili inatokana na reli mpya. SGR imekwisha kufika Dodoma kwa abiria tangu 2024, na mkataba wa kipande cha Tabora hadi Kigoma, kilomita 506, ulitiwa saini Desemba 2022. Ni habari njema kwa mkoa ambao umesubiri kwa miaka mingi. Wakenya wamekwisha pita njia hiyo na wana la kufundisha. SGR ya Mombasa ilipoanza mwaka 2017, treni ya abiria ya reli ya zamani kati ya Nairobi na Mombasa iliondolewa, na kwa muda ilionekana kama imekufa. Lakini Nairobi ilikuwa na makumbusho ya reli tangu 1971, ambako kinatunzwa kichwa cha mvuke cha aina ya Garratt kilichopewa jina la Mlima Gelai, mlima wa Tanzania. Kulikuwa na watu waliojua thamani ya walichonacho. Mwezi Desemba 2020 treni ya Nanyuki ikarudishwa kwenye reli ile ya zamani, na mwaka uliofuata ya Kisumu. Watu wa Nairobi walianza kuipanda mwishoni mwa juma kwenda kuona tu nchi ikipita.

Kigoma ina zaidi ya hayo mkononi: stesheni ya 1914 iliyosimama imara, meli iliyokuja kwa masanduku, chumvi ya zaidi ya miaka elfu moja na mia nne, na mji wa Wamanyema na Wajiji ambao reli iliupita. Inachohitaji ni Shirika la Reli, manispaa na Idara ya Mambo ya Kale kukaa meza moja kabla mkandarasi hajaanza kung'oa mataluma ya zamani, na kuamua ni kipande gani kati ya Kigoma na Uvinza kitakachobaki na treni.